Shahidi wa Serikali ni Shemeji

Juma zima mmekuwa mkiulizana: ni nani yule aliyesukuma mlango wa mahakama, hata Mkunga akadondosha mkoba wake? Haya, msiumize vichwa zaidi.

Alikuwa Shemeji.

Shemeji yule yule! Mume wa marehemu. Mwanamume aliyelia makaburini mpaka wenziwe wakamshika makwapa. Leo aliingia na beji ya Wizara kifuani, akapita mbele ya Mkunga bila kumtazama, akaenda kusimama kizimbani upande wa Serikali.

Kwa mnaojiunga nasi leo, mambo ni hivi. Malori yalikuja mtoni kuchota mchanga wa kujengea majumba ya mjini. Yakachota, yakachota, mpaka kingo za mto zikabaki zinaning'inia. Watu walikwenda Wizarani kulalamika, wakaambiwa suala lao linafanyiwa kazi. Mchana mmoja mama mmoja alikuwa nyuma ya jiko lake akianika nguo, ukingo ukaporomoka. Uliondoka na jiko, na kamba ya nguo, na yeye mwenyewe.

Marehemu alikuwa na mdogo wake wa kike, mkunga wa zahanati. Huyo ndiye aliyeishtaki Wizara. Madai yake hayakuwa marefu: sheria imewakabidhi mto muulinde, hamkuulinda, dada yangu amekufa.

Na sasa shahidi wa kwanza wa Wizara ni mume wa dada huyo huyo. Kikulacho ki nguoni mwako.

Watu wote walimgeukia Mkunga waone atafanya nini. Aliinama, akaokota mkoba wake, akaupangusa vumbi. Basi.

Tangu siku ya mazishi Mkunga alikuwa na ganzi. Si ganzi ya mguu wala ya mkono. Ya mtu mzima, mwili na moyo. Asubuhi hiyo hiyo alikuwa amezalisha mapacha. Mama yao alilia kwa furaha, bibi yao akapiga vigelegele mpaka wagonjwa wakatoka nje, na yeye akanawa mikono, akaja mahakamani kama mtu anayekwenda kununua chumvi.

“Nitasema kweli, kweli tupu,” Shemeji aliapa.

Wakili wa Serikali aliinuka. Jina la kuzaliwa alikuwa nalo, lakini pale mahakamani hata wafagizi walimwita Bwana Napinga. Ungekohoa, angepinga.

“Kazi yako Wizarani ni ipi?”

“Mkaguzi wa mito.”

“Ukingo wa pale kwako uliukagua?”

“Niliukagua.”

“Ukauonaje?”

“Imara.”

“Na malori ya mchanga?”

“Sikuyaona.”

“Hata moja?”

“Hata moja.”

“Basi mchanga ulichotwa na malaika!” mzee mmoja alisema kwa sauti kutoka benchi la nyuma, na ukumbi ukavuma kama mzinga wa nyuki.

Mheshimiwa Jaji, mama mfupi mwenye miwani ya mnyororo, aligonga meza. Kimya kikarudi.

“Kwa hiyo mkeo aliuawa na nini?” Bwana Napinga aliuliza kwa upole wa kununua.

“Mvua. Ni kazi ya Mungu.”

Mkunga alimtazama. Aliona kifungo cha pili cha shati lake kimeshonwa kwa uzi wa rangi nyingine. Aliona amekonda. Vitu hivyo aliviona vizuri sana, kama anavyoviona mtu aliye nyuma ya kioo.

Wakili wake Mkunga, kijana aliyevaa joho la kuazima, alisimama. Watu walijua sasa moto utawaka, Shemeji atakaangwa kwa maswali.

“Mheshimiwa, sina swali kwa shahidi.”

Watu waliguna.

“Nina ombi tu. Amesema ukingo ni imara, na malori hakuna. Tusibishane. Twende tukaone.”

“Napinga! Mheshimiwa, kule kuna matope.”

“Nina mabuti,” alisema Jaji. “Kesho asubuhi, mtoni. Na wewe, Shahidi, utakuja. Kiapo chako hukiachi hapa, unakuja nacho.”

Shemeji aliteremka kizimbani, akatoka.

Nje, kwenye korido, msichana mmoja alikuwa akimngoja Mkunga. Alikuwa Binti, fundi cherehani, mtoto pekee wa marehemu na huyo Shemeji.

“Shikamoo, Mamdogo.”

“Marahaba, mwanangu.”

“Umemwona baba?”

“Nimemwona.”

“Hakutaka kuja. Walimwambia asipokuja, kazi hana, na kesi itamgeukia yeye.”

“Sawa.”

“Sawa nini?” Binti alimshika mkono. “Mamdogo, mama nimeshamzika. Unataka na baba nikamzike wapi? Ukishinda, watamtupa yeye. Wakubwa hawatupwi, unajua. Iache hii kesi!”

Mkunga aliutazama uso ule, wenye paji la dada yake na pua ya dada yake. Alingoja kitu kimchome. Hakikuchoma.

“Umekula?” aliuliza.

Binti aliuachia mkono wake kama mtu aliyeshika chuma kilichotoka friji, akaondoka bila kuaga.

Kesho yake walioujua mto ule walidhani wamepotea njia.

Hapakuwa na lori. Hapakuwa na alama ya gurudumu. Kulikuwa na uzio mpya, nyasi zimetandazwa, na miti michanga imesimama kwa mstari kama wanafunzi wa chekechea wanaosubiri kukaguliwa kucha. Kulikuwa na kibao kirefu cha kijani: HIFADHI YA MTO. NI MARUFUKU KUCHOTA MCHANGA.

Wakili kijana alifumba macho. Joho la kuazima lilimlegea mabegani.

“Mheshimiwa,” Bwana Napinga alinyoosha mkono kama mwenye shamba, “macho hayana pazia. Hivi ndivyo Wizara inavyoulinda mto!”

Watu wa kando ya mto, waliokuwa wamekuja na watoto wao mgongoni, walitazamana. Kesi imekwisha. Mkunga naye aliona imekwisha, na moyo wake ulibaki pale pale ulipokuwa.

Jaji alisogea karibu na mteremko. Matope yalikuwa yanateleza, akashika nguzo ya kibao asianguke.

Alipotoa mkono, kiganja chote kilikuwa kijani.

Alikitazama. Akamtazama Bwana Napinga. Aliushika mti mmoja achume jani apanguse rangi, na mti ukamfuata! Ulichomoka mzima mzima, ukabaki mkononi mwake. Haukuwa na mzizi. Ulikuwa tawi, na upande wa chini palionekana panga lilipopita.

Mzee wa benchi la nyuma alikuwepo. “Malaika wamepanda miti!” alipaza sauti, na watu wakacheka mpaka wakajishika viuno. Njia ya mwongo fupi, wasomaji wangu, lakini ile ilikuwa fupi kupita kiasi.

Mkunga hakucheka.

“Shahidi,” aliita Jaji, tawi bado mkononi. “Njoo hapa. Miti hii imepandwa lini?”

Shemeji alitazama mabuti yake.

“Shahidi, kiapo.”

“Jana jioni, Mheshimiwa.”

“Nani alipanda?”

“Mimi. Mimi na vibarua.”

“Kwa agizo la nani?”

“Napinga!”

“Unapinga nini, Bwana Wakili? Mti?” Jaji alimtupia tawi miguuni. “Shahidi, kwa agizo la nani?”

“La Mkurugenzi.”

Kicheko kilikatika. Mkurugenzi ndiye aliyekuwa na Wizara nzima mfukoni. Jina lake halikutajwa hovyo, na hata pale mtoni, mahali pa wazi, kuna waliotazama nyuma yao.

Wakili kijana alifufuka. “Jana ulisema hukuona lori hata moja.”

“Niliyaona. Yalikuwa yanapita kila siku. Siku moja niliyazuia, nikaweka pikipiki yangu katikati ya njia. Dereva akapiga simu, akanipa niongee. Alikuwa Mkurugenzi. Akaniuliza: mto huu ni wa baba yako?”

“Ukafanyaje?”

“Nikaondoa pikipiki.”

Hapo ushahidi ulikuwa umetosha. Wakili aliinamisha kichwa kushukuru, akarudi nyuma. Lakini Shemeji hakuondoka. Alibaki amesimama, anauangalia ule ukingo uliolika ng'ambo ya uzio, akaendelea kusema bila kuulizwa na mtu.

“Nyuma ya jiko kulikuwa na ufa. Mke wangu aliuona asubuhi ile. Akaniita: mume wangu, si wewe ndiye mkaguzi? Njoo basi na hapa ukague. Alikuwa anatania. Nilikuwa nafunga viatu, nimechelewa. Nikamjibu nikiwa ndani.” Aliushika uzio. “Nikamwambia ni imara. Anika nguo zako.”

Mtoto mmoja alianza kulia, mama yake akamziba mdomo.

Shemeji aligeuka. Kwa mara ya kwanza tangu aingie mahakamani, alimtazama Mkunga. Akapiga magoti matopeni mbele ya watu wote.

“Shem, nisamehe. Nimemuua mimi.”

Watu walisubiri. Kofi? Kilio? Kuna mama aliyekwisha kujiandaa kumdaka Mkunga akizimia.

“Simama, Shemeji,” alisema Mkunga. “Unachafua suruali.”

Nawaambia, kofi lingemwuma kidogo kuliko hilo.

Jaji hakungoja kurudi mjini. Pale pale, kiganja kikiwa kijani, alitoa amri: tangu saa ile, mchanga hautachotwa. Na Mkurugenzi mwenyewe, si karani wake, si simu yake, asimame mbele yake kesho yake asubuhi aeleze kwa nini asifungwe kwa kuidanganya mahakama.

“Mto huu,” alisema Jaji, “si wa baba yake na yeye.”

Vigelegele vilipasua anga! Watu walimbeba Mkunga juu juu kama bibi harusi. Alikaa mabegani mwao, mikono imelala mapajani, akisubiri wamshushe.

Furaha haikufika machweo.

Mkunga alikuwa zahanati anachemsha mikasi Binti alipoingia bila kubisha hodi.

“Wamemchukua baba. Wamemkuta anavua viatu.”

“Kwa kosa gani?”

“Wanasema vibali vya malori alitoa yeye, kwa kichwa chake. Mkurugenzi hajui lolote.” Binti hakuwa na machozi tena, sauti yake ilikuwa imekauka. “Nilikwambia. Umefurahi?”

“Sijui,” alijibu Mkunga.

Hakuwa anajitetea. Hakujua kweli.

Alimpelekea Shemeji blanketi kituoni. Askari wa zamu alilipokea, akamwambia mahabusu haonwi. Mkunga akamshukuru, akarudi.

Asubuhi iliyofuata mahakama ilijaa mpaka madirishani. Mkunga alikuja moja kwa moja kutoka kazini, na gauni lake jeupe la zahanati. Kiti cha Mkurugenzi kilikuwa kitupu.

“Mheshimiwa,” Bwana Napinga alisema, na safari hii hakuwa na sauti ya kupinga, “Mkurugenzi amepatwa na homa ya ghafla.”

“Yuko hospitali?”

“Yuko... anapumzika.”

“Gari lake hilo hapo!” alipiga kelele mtu wa dirishani. Jengo la Wizara lilikuwa ng'ambo ya barabara tu, linatazamana na mahakama kama majirani wasiosalimiana, na gari jeusi la Mkurugenzi lilikuwa limeegeshwa mlangoni.

Jaji alitoa amri akamatwe. Karani akaiandika, Jaji akaitia saini, akamwita mkuu wa kituo cha polisi aliyekuwa amesimama ukutani.

“Chukua. Vuka barabara umlete.”

Mkuu wa kituo aliweka mikono nyuma. “Samahani, Mheshimiwa. Nimeambiwa nisubiri.”

“Umeambiwa na nani?”

Mkuu wa kituo alitazama dari.

Msomaji, umewahi kusikia ukumbi uliojaa watu ukanyamaza mpaka feni ikasikika? Ndivyo ilivyokuwa. Jaji anatoa amri, na askari anaiacha inaning'inia hewani!

Jaji alivua miwani. “Vizuri,” alisema. “Wenye pingu wamekataa. Basi naandika wito wa mwisho, afike hapa kabla ya adhuhuri. Wito hauhitaji pingu, unahitaji miguu tu. Nani ataupeleka?”

Karani alikuwa ameinama kufunga kamba za viatu. Viatu vyake havikuwa na kamba.

“Nipe mimi, Mheshimiwa,” alisema Mkunga.

Wakili wake alimvuta gauni. “Mama, wale watu hawana mchezo. Huogopi?”

Mkunga alijipima, kama mtu anayetafuta funguo mifukoni. Hofu hakuiona.

“Sisikii kitu,” alisema.

Walivuka barabara pamoja, yeye na Wakili. Mlangoni mwa Wizara mlinzi aliliona lile joho, akanyoosha mkono. “Mawakili hawaruhusiwi leo. Agizo la juu.” Halafu akaliona gauni jeupe. “Na wewe, nesi?”

“Nimesikia Mkurugenzi ana homa,” alijibu Mkunga.

Mlinzi alifikiri. Homa ilikuwa imetangazwa mahakamani na wakili wa Serikali, nani angeikana? “Ghorofa ya juu, mlango wa mwisho. Usikawie.”

Mkunga alipanda ngazi. Katibu muhtasi naye aliliona gauni jeupe, akampisha.

Mkurugenzi hakuwa na homa. Alikuwa nyuma ya meza pana, amenyolewa vizuri, anakoroga chai. Na mbele yake, kwenye kiti cha wageni, ameshika kikombe asichokinywa, alikuwa amekaa Binti.

“Mamdogo!”

“Karibu, Mkunga,” alisema Mkurugenzi, kama aliyekuwa akimtarajia. “Tulikuwa tunakuzungumzia.”

Mkunga alitoa wito mkobani.

Binti aliinuka, chai ikamwagika. “Mamdogo, usimpe hiyo! Ameahidi. Ukiifuta kesi, baba leo analala nyumbani. Leo hii!”

“Na mto?”

“Mto sio baba yangu!”

Mkunga alimtazama Mkurugenzi, akamrudia Binti. “Mwanangu,” alisema taratibu, “baba yako naye aliahidiwa. Aliambiwa akisema uongo hatafungwa. Yuko wapi?”

Binti alikiweka kikombe mezani.

Mkunga aliweka karatasi juu ya meza, akaigeuza isomeke upande wa mwenyewe.

Mkurugenzi aliisoma mpaka mwisho. Akatabasamu, tabasamu la mtu aliyeletewa picha ya mtoto wa jirani. “Imeandikwa vizuri. Ila ina kasoro moja. Aliyeiandika si jaji wa pale tena. Amehamishwa. Taarifa imempata sasa hivi, ulipokuwa unapanda ngazi. Tazama dirishani.”

Mkunga alitazama.

Ng'ambo ya barabara, Mheshimiwa Jaji alikuwa anashuka ngazi za mahakama. Hakuwa na joho. Amebeba mabuti yake mkononi, na kila upande wake alikuwa na mwanamume wa suti. Watu walimpisha njia. Mmoja wa wale wanaume alimfungulia mlango wa gari.

Mkunga alingoja, kama alivyokuwa akingoja siku zote. Na kwa mbali, chini kabisa ya mbavu, kitu kilimgusa. Kidogo mno. Kama uchungu wa kwanza wa mzazi, ule ambao mama mwenyewe hudhani ni tumbo tu.

“Sasa,” alisema Mkurugenzi, “chukua karatasi yako, mchukue na mtoto, mwende nyumbani.”

“Aliiandika akiwa jaji,” alisema Mkunga.

“Nini?”

Alichukua kalamu ya Mkurugenzi juu ya meza ya Mkurugenzi, akamnyooshea. “Tia saini kwamba umepokea. Hapa chini.”

Binti alikuwa amegeuka, anamtazama mama yake mdogo kana kwamba ndiyo kwanza anamwona.

Tabasamu la Mkurugenzi lilizimika. Hakuipokea kalamu. Aliinuka bila haraka, akazunguka meza, akapita nyuma ya Binti mpaka mlangoni. Akageuza ufunguo mara moja, akautumbukiza mfukoni.

“Kaeni,” alisema. “Wote wawili.”